Maneno ya Jini katika Ulimi wa Mgonjwa: Je, ni Ushahidi?

Kila sifa njema ni ya Mwenyezi Mungu, Mola wa watu na majini, na rehma na amani zimfikie Bwana wetu Muhammad (s.a.w.), aliyetumwa kwa viumbe hao wote wawili, pamoja na Aali zake na Maswahaba zake. Ama baada ya hayo:

Miongoni mwa mambo ambayo Maimamu wa miskiti yetu huitiwa, tena aghlabu usiku na kwa haraka, ni khabari ya mtu aliyepandisha. Juu ya kumsomea mtu kama huyo yameandikwa mengi, na vijitabu vyake vinauzwa nje ya miskiti kila Ijumaa. Lakini juu ya yale anayoyasema akiwa katika hali ile, yameandikwa machache sana kwa lugha yetu, na madhara yake ni makubwa kuliko maradhi yenyewe. Mgonjwa hupona kwa usiku mmoja au mwezi mmoja. Maneno yaliyotoka kinywani mwake hubaki katika ukoo miaka 40.

Tuanze kwa kuisawiri mas-ala yenyewe, kama walivyokuwa wakifanya fuqahaa wetu, ili tujue tunahukumu nini.

Mzee mmoja alifariki zamani akaacha nyumba ya mawe mjini, mke, watoto wawili wa kiume na mmoja wa kike. Nyumba haikugawiwa. Ilisemwa, kama inavyosemwa kila siku kwetu, kwamba mama yu hai na ni aibu kugawa akiwa amekaa ndani. Miaka ikapita, na bibi naye akafariki. Usiku wa khitma ya arubaini, wanaume wako barazani na wanawake wako ndani, akaanguka binti wa yule mtoto mdogo wa kiume, msichana aliyekwisha kuposwa. Meno yalikazana na macho yakageuka meupe. Aliposema, sauti haikuwa yake bali ya mwanamme mzima, nzito, yenye lafudhi ya zamani. Akataka aletewe sinia ya bibi. Wajukuu hawakuelewa ni sinia gani, lakini watu wazima waliinamisha vichwa. Kabati la bibi lilipofunguliwa, nyuma ya nguo zake za sala zilikutwa sinia ya shaba, chetezo, chupa ya marashi iliyokauka na pete ya fedha iliyofungwa kwa kitambaa chekundu.

Sauti ikasema kwamba yeye ni rohani wa nyumba ile, yuko na ukoo ule tangu zama za mama yake bibi. Kwamba bibi alikuwa hashiki mimba, akamuahidi mtu wa kukaa naye baada yake. Kwamba yule mtoto mkubwa wa kiume si wa mzee mwenye nyumba. Na kwamba mimba zilizoharibika katika nyumba ile zimeharibiwa na shangazi, aliyezika kitu chini ya kizingiti cha mlango. Wakachimba usiku ule ule, wakakuta chupa yenye misumari iliyoliwa na kutu. Kabla ya adhana ya alfajiri, shangazi alikuwa nje na kifurushi cha nguo zake.

Kisa hiki si cha nyumba moja, na asikitafute mtu. Nimekiunga kwa sehemu ambazo kila Imamu wa pwani hii atazitambua, kwani amezisikia zote, pengine si katika usiku mmoja. Maswali yanayozaliwa humo ni haya: je, nasaba ya mtoto mkubwa imeanguka? Je, shangazi amethibitikiwa na uchawi? Je, ile ahadi ya bibi inamlazimu mjukuu? Na huyo aliyekuwa akisoma na kuuliza, alikuwa na haki ya kuuliza?

Jini na mwili wa binadamu

Hatutarefusha hapa. Ahlu Sunna wamekubali kwamba jini aweza kumuathiri binadamu, na wameitolea dalili aya ya 275 ya Sura Al-Baqara, inayomfananisha mla riba atakavyosimama na mtu aliyezugwa na shetani kwa kumgusa. Waliokanusha kuingia kwa jini mwilini ni watu wa Muutazila, na mashuhuri wao katika hili ni Abu Ali al-Jubbai, aliyefariki mwaka 303 Hijria. Ibn Taymiya (661–728 H) amenukuu kutoka kwa Imam al-Ash'ari kwamba kuingia ni kauli ya Ahlu Sunna, na amenukuu pia kwamba Abdalla, mtoto wa Imam Ahmad bin Hanbal, alimuuliza baba yake juu ya wanaokanusha, naye akasema wanasema uongo, kwani huyo jini ndiye anayesema kwa ulimi wa mgonjwa. Mwenye kutaka upana wa mlango huu atazame kitabu cha Kadhi Badruddin ash-Shibli (aliyefariki 769 H) kiitwacho Aakam al-Marjan, alichokusanya ndani yake hukumu za majini kuanzia ibada zao mpaka ndoa zao.

Lakini wanavyuoni hao hao hawakusema kwamba kila aanguka ana jini. Ibn al-Qayyim (aliyefariki 751 H) katika Zad al-Maad ameugawa ugonjwa wa kuanguka sehemu mbili: wa pepo waovu, na wa maradhi ya mwili ambayo matabibu wanayazungumzia. Sisi tumelipa deni kubwa kwa kuisahau sehemu ya pili. Wazee wetu walimhesabu degedege kuwa ni pepo anayempitia mtoto mchanga kama ndege wa usiku, na watoto wengi wamefukizwa uvumba huku malaria imeshapanda kichwani. Kifafa nacho ni hivyo hivyo. Kumpeleka mgonjwa hospitali si upungufu wa imani, na mwenye kumzuilia asipelekwe ajue kwamba ana dhamana mbele ya Mwenyezi Mungu.

Kuhusu hao wanaoitwa pepo wa ukoo, historia yao inajulikana. Katika visiwa na miji yetu kila pepo alikuwa na nguo yake, chakula chake, ngoma yake na lugha yake. Rohani hujidai Mwarabu na Muislamu, hutaka udi, halua na marashi. Kibuki cha Unguja kilitokea Bukini na Ngazija, nacho hudai pombe kali. Zari ya Habeshia ilifika Sudan na Misri, na ikavuka mpaka Omani na nchi za Ghuba. Mwenye kutazama kwa makini ataona kwamba pepo hawa wamefuata njia zile zile za majahazi, misafara na watumwa. Mtu aliyepandwa akaitwa kiti, na kiti kikifa pepo husemwa anatafuta kiti kingine katika damu ile ile, mara nyingi mjukuu wa kike. Ndiyo maana siri hii ilikaa upande wa wanawake, ikipokezanwa baina ya bibi na mjukuu, na wanaume wa nyumba wakijifanya hawaijui. Jambo linalofichwa namna hii hukusanya na mengine yasiyo yake: ugumba, mimba zilizoharibika, talaka, na ugomvi wa mali.

Jini anajua nini?

Watu wengi hudanganyika hapa, kwa sababu husikia ya kwamba jini hajui ghaibu, kisha humsikia mgonjwa akitaja jambo la kweli lililofichwa, wakapigwa na mshangao na wakasadiki yote yaliyobaki. Ni kweli kwamba jini hajui ghaibu. Sura Sabaa, aya ya 14, imeeleza jinsi majini walivyoendelea kutaabika katika kazi za Nabii Sulaiman (a.s.) naye amekwisha kufa mbele ya macho yao, ameegemea fimbo, mpaka mdudu wa ardhi alipoila fimbo ile na mwili ukaanguka. Lakini siri za ukoo si ghaibu hiyo. Ni mambo yaliyotokea, yakaonwa na waliokuwapo, kisha yakafichwa wengine. Hakuna kizuizi cha akili wala cha sharia kwamba jini aliyekuwapo aone, kama alivyoona jirani.

Na hakuna kizuizi vile vile kwamba mgonjwa mwenyewe amesikia. Mtoto mdogo hulala katika chumba ambamo watu wazima wananong'ona, nao hudhani amelala. Binti wa kisa chetu amelelewa na baba ambaye kwa miaka ananung'unikia nyumba isiyogawiwa, na kwa mama ambaye hapatani na wifi yake. Sisemi kwamba anadanganya. Aliyeondokewa na akili hahesabiwi kuwa mkweli wala muongo. Nasema tu kwamba khabari ya kweli ina milango mingi ya kuingilia katika ulimi wa mtu, na kusadifu kwake hakuthibitishi ni nani aliyeisema.

Bora ya yote katika mlango huu ni Hadithi ya Abu Huraira (r.a.) katika Sahihi ya Bukhari. Aliwekwa kuilinda zaka ya Ramadhani, akamkamata mtu akiiba chakula usiku tatu mfululizo. Usiku wa tatu mwizi yule alimfundisha kusoma Ayatul Kursiyyu anapolala, ili alindwe. Bwana Mtume (s.a.w.) alipohadithiwa alisema kwamba katika hilo amesema kweli, ingawa ni muongo mkubwa, na akamjulisha kuwa huyo alikuwa shetani. Tazama, ndugu msomaji, ukweli wa maneno yale ulijulikana kwa nini. Haukujulikana kwa kuwa shetani amesema. Ulijulikana kwa kuwa Mtume (s.a.w.) ameuthibitisha. Na katika Hadithi ya Bibi Aisha (r.a.), waliyoipokea Bukhari na Muslim, imeelezwa kwamba jini hulinyakua neno moja la kweli akalitia katika sikio la kuhani, nao wakalichanganya na uongo zaidi ya mia. Kwa hivyo neno moja la kweli ndiyo chambo yenyewe. Kupatikana kwa sinia ndani ya kabati hakukuongeza uzito wowote katika khabari ya nasaba.

Daraja ya ushahidi wake

Shahidi katika sharia sharti ajulikane ni nani, awe muadilifu, na aweze kuulizwa na kukanushwa. Huyu hajulikani jina lake wala dini yake ila kwa maneno yake mwenyewe. Aya ya sita ya Sura Al-Hujurat imetuamrisha kupeleleza khabari iletwayo na fasiki, tusije tukawadhuru watu kwa ujinga kisha tukajuta. Fasiki huyo ni binadamu tunayemwona na kumjua kwao. Itakuwaje kwa asiyeonekana, ambaye hali yake ya dhahiri ni kwamba yumo katika kumdhulumu mwanamke dhaifu kwa kuuvamia mwili wake? Imam as-Suyuti (aliyefariki 911 H) katika al-Ashbah wan-Nadhair amezungumzia binadamu kupokea Hadithi kutoka kwa majini, na akaona kwamba lililo dhahiri ni kuzuiwa, kwa kuwa hapapatikani yakini ya uadilifu wao. Ikiwa hawapokewi katika riwaya, ambayo mlango wake ni mpana zaidi, basi katika ushahidi wa haki za watu wana haki zaidi ya kukataliwa.

Na tukisema aliyesema ni mgonjwa mwenyewe, jibu ni fupi zaidi. Kalamu imeondolewa kwa asiye na akili mpaka azindukane. Maiz (r.a.) alipokuja kujikiri mwenyewe zina, jambo la kwanza alilotafuta Mtume (s.a.w.) ni kujua kama ana wazimu. Kwa hiyo akikiri mgonjwa katika hali ile kwamba amezini au ameiba, au mume akitamka talaka na ikathibiti kwamba akili haikuwapo, hakuna kinachopita. Hilo la talaka lina wachezaji wake, na Kadhi ana haki ya kutaka ithibitishwe kwamba akili ilikuwa imeondoka kweli.

Nasaba ya mtoto mkubwa

Katika mwaka wa kufunguliwa Makka, mwaka wa nane Hijria, Saad bin Abi Waqqas (r.a.) alimchukua kijana aliyezaliwa na mjakazi wa Zam'a, akisema kwamba ndugu yake Utba alimuusia kuwa huyo ni mtoto wake. Abd bin Zam'a akapinga, akasema ni ndugu yangu, amezaliwa katika kitanda cha baba yangu. Mtume (s.a.w.) alimtazama kijana, akaona amefanana na Utba mfanano ulio wazi. Pamoja na hayo alimhukumia Abd bin Zam'a, na akaweka ile kanuni kubwa kwamba mtoto ni wa kitanda na mzinifu hana ila jiwe. Kisha akamwambia mkewe, Bibi Sauda bint Zam'a (r.a.), ajifunike mbele ya kijana yule, kwa mfanano aliouona. Hadithi hii wameipokea Bukhari na Muslim.

Mimi husimama sana juu ya Hadithi hii ninapoisomesha. Hapa palikuwa na siri ya ukoo, palikuwa na wasia wa mtu mwenyewe, na palikuwa na sura ya uso inayosema. Juu ya yote hayo nasaba haikutikisika. Na alama iliyoonekana haikupuuzwa pia, ilipewa ihtiyati yake katika jambo la kujifunika, bila ya kumtoa kijana katika jina wala katika mirathi. Basi itakuwaje itikiswe kwa sauti ya usiku mmoja? Kwa madhehebu yetu ya Shafi, mwenye haki ya kumkana mtoto wa kitanda ni mume peke yake, kwa liani, na kwa haraka anapojua. Mzee yule aliishi na mwanawe, akamwita mwanangu, akafa. Mlango umefungwa, na warithi hawana ufunguo wake.

Tuihesabu nyumba, kwani hesabu hufichua yale ambayo sauti nzito inayaficha. Tuchukulie kuwa mzee hakuwa na mrithi mwingine, na kwamba watoto wote watatu ni wa bibi huyu. Mke ana thumni, mabaki ni ya watoto, mwanamme mara mbili ya mwanamke. Kisha fungu la bibi linarejea kwa watoto hao hao. Ukiifanya munasakha, nyumba itakuwa mafungu 40: mtoto mkubwa 16, mdogo 16, na shangazi 8. Ukisadiki neno la jini, mkubwa hatorithi kwa mzee. Atabaki na kile alichopata kwa mama yake, kwani mama hurithiwa na kila aliyemzaa, naye ni mafungu 2 tu kati ya 40. Mdogo atapanda kutoka 16 mpaka zaidi ya 25. Shangazi angepanda naye pia, ila ameshafukuzwa kwa jina la mchawi, na aliyefukuzwa kwa jina hilo harudi kudai. Faida ya maneno yote ya usiku ule imekwenda upande mmoja, na ni upande wa nyumba aliyolelewa mgonjwa. Msomaji ana akili, sina haja ya kuongeza.

Ama bibi, yeye ni mwanamke wa Kiislamu aliyezikwa akiwa na heshima yake. Anayelirudia neno lile kwa kulithibitisha, hata kwa kusingizia kwamba jini ndiye aliyesema, anamsingizia zina, na aya ya nne ya Sura An-Nur haikumsamehe msingiziaji kwa kuwa msingiziwa amekufa. Warithi wake wana haki ya kudai.

Shangazi na chupa ya misumari

Imam an-Nawawi (aliyefariki 676 H) katika Minhaj, kitabu tunachokisomesha mpaka leo, ameeleza kwamba kuua kwa uchawi huthibiti kwa kukiri aliyefanya, wala hakuthibiti kwa mashahidi. Sababu yake wameieleza wafafanuzi: shahidi aweza kumwona mtu akizika chupa, lakini hawezi kuliona kusudio lake wala athari ya alichokizika. Ikiwa mashahidi wawili waadilifu hawatoshi, ni kitu gani kilichobaki kwa jini?

Lakini chupa imekutwa, watasema. Naam, imekutwa. Nyumba zetu za zamani zina mafingo chini ya vizingiti vyake, yaliyozikwa na waliozijenga au waliohamia, kwa kudai kujikinga. Jambo hilo lenyewe ni ovu na halifai, lakini maana yake ni kwamba ukichimba kizingiti cha mji wa kale una nafasi kubwa ya kukuta kitu, na kutu ya misumari ile imezidi umri wa ugomvi wa mawifi. Kilichothibiti ni kwamba mtu alizika. Nani, lini na kwa nini, chupa haikusema.

Na lau ingesema? Mtume (s.a.w.) mwenyewe alifanyiwa uchawi na Labid bin al-A'sam, kwa kitana na nywele zilizotiwa katika kole la mtende dume na kufichwa ndani ya kisima cha Dharwan. Aliyemjulisha jina la mchawi na mahali pa kitu hakuwa jini. Walikuwa Malaika wawili waliomjia usingizini, na ndoto za Mitume ni wahyi. Basi alikuwa na yakini ambayo hakuna msomaji wa leo atakayeipata. Bibi Aisha alipomuuliza kwa nini hakulidhihirisha jambo lile, alijibu kwa maana ya kwamba Mwenyezi Mungu amekwisha kumponya, na kwamba yeye anachukia kuwaamshia watu shari. Akaamrisha kisima kifukiwe. Hii ndiyo Sunna katika mlango huu, nayo imesahauliwa na wengi wanaojiita wasomaji wa ruqya ya Sunna.

Shari aliyoichukia Mtume (s.a.w.) tunaijua kwa majina ya vijiji. Huko Kilifi, pwani ya Kenya, wazee wameuawa mwaka baada ya mwaka kwa tuhuma za uchawi, wengine na watoto wao wa kuwazaa, na mara nyingi nyuma ya tuhuma pana shamba linalogombaniwa. Sheria ya Uchawi ya nchi hiyo ilipotungwa mwaka 1925 ilifanya hata kumtuhumu mtu kwamba ni mchawi kuwa kosa lenyewe.

Ahadi ya bibi

Wako wanaosema: jini ni muongo, sawa, lakini kama kweli bibi aliahidi, si bora mjukuu alipe apate raha? Hapana. Nadhiri ya maasi haina utekelezaji, na kuchinja kwa ajili ya asiyekuwa Mwenyezi Mungu kumelaaniwa katika Hadithi ya Sayyidna Ali (r.a.) aliyoipokea Muslim. Wala mtu habebi mzigo wa mwingine, kama ilivyo katika aya ya 164 ya Sura Al-An'am. Katika Faraidhi tumesoma mafungu sita na wenye mafungu yao, na hatukuona fungu la jini, wala jini kuwa ni mali inayorithiwa. Sura Al-Jinn, aya ya sita, imetaja watu waliokuwa wakijikinga kwa majini, wakazidishiwa taabu. Wafasiri wanaeleza kwamba Waarabu wa Jahilia wakishuka katika bonde usiku walijilinda kwa bwana wa bonde lile. Sinia ya bibi ni bonde lile lile. Nayo ivunjwe, chetezo kioshwe kitumike kwa kufukiza nyumba, na bibi aombewe maghufira, kwani hatujui alitubu lini.

Mwenye kusoma

Ruqya inajuzu. Mtume (s.a.w.) aliwaambia Maswahaba wamwoneshe ruqya zao, na kwamba hapana ubaya madhali hamna ushirikina. Fatiha, Ayatul Kursiyyu, Ikhlas na Muawwidhatain zinatosha. Lililoingia kati ni mahojiano: wewe nani, umetumwa na nani, umewekwa wapi. Waliojuzisha humtegemea Ibn Taymiya, aliyeruhusu kumuuliza jini kwa kumjaribu, naye amenukuu athari ya Abu Musa al-Ash'ari (r.a.), kwamba khabari za Sayyidna Umar zilipochelewa, aliulizwa mwanamke aliyekuwa na jini, akajulisha kwamba Umar ameachwa akiwatia alama ngamia wa sadaka. Tunaipokea nukuu hiyo kwa heshima ya mwenyewe. Lakini haki ya nani ilipotea katika khabari ile? Nani alituhumiwa? Umar angefika kesho na ukweli ungejulikana. Na Ibn Taymiya ameweka sharti la mwenye kuweza kupambanua kweli na uongo wa anayeulizwa. Msomaji wa mtaani, anayelipwa kwa kila kikao na ambaye jina la mchawi ndilo linalomletea wateja, hana kipimo hicho. Rai yangu ni kwamba swali la "nani amekutuma" lifungwe kabisa. Asome, na sauti ikisema amwamrishe kutoka na kumcha Mola wake, basi.

Asikae faragha na mwanamke asiye maharimu wake. Asipige. Kupiga kumenukuliwa kwa Ibn Taymiya, na wasiokuwa Ibn Taymiya wameua watu kwa dalili hiyo. Anayejitia utabibu bila ya kujulikana nao hudhamini anachokiharibu, na hiyo ni Hadithi katika Sunan ya Abu Daud.

Mwanamke mweusi aliyekuwa akianguka alimjia Mtume (s.a.w.) akaomba dua. Hakuulizwa ni nani aliyemroga, wala aliyekuwa ndani yake hakuhojiwa. Alipewa hiari ya kusubiri apate Pepo, au aombewe apone. Alichagua subira, na akaomba jambo moja tu: asifunuke anapoanguka. Akaombewa hilo. Leo mgonjwa akianguka, nguo yake hufunikwa upesi na wanawake, alhamdulillahi, lakini ulimi wake huachwa wazi na simu zikainuliwa kumrekodi. Imamu aliyeitwa aanze kwa kuwatoa watu, wabaki mahrimu wake wawili au watatu, na simu zizimwe. Kilichorekodiwa kifutwe, na aliyekwisha kukituma kwa wengine atubu na awatake wakifute. Binti akizindukana asisimuliwe aliyoyasema, kwani hakuyasema yeye kwa hukumu ya sharia. Na aliyemposa asipelekewe khabari yoyote ila ya maradhi, ikiwa daktari amethibitisha kuwa yapo, kwa kuwa hiyo peke yake ndiyo aibu ambayo mposaji ana haki ya kuijua.

Wallahu aalam.